Mikono Iliyobeba Siri za Machakos

Juni 2002, wajumbe wa serikali ya Sudan na wale wa waasi wa SPLM waliletwa Machakos kuzungumza amani. Mpatanishi alikuwa Jenerali Lazaro Sumbeiywo wa jeshi la Kenya. Mji huo uko kilomita sitini na kitu kutoka Nairobi: karibu kiasi cha balozi kufika na kurudi kabla ya chakula cha jioni, mbali kiasi cha kumchosha mwandishi wa habari asiye na gari. Tarehe 20 Julai pande hizo mbili zilitia saini Itifaki ya Machakos, iliyowapa watu wa kusini haki ya kupiga kura kuamua hatima yao baada ya miaka 6 ya mpito. Kura ilipigwa Januari 2011, na Julai mwaka huohuo Sudan Kusini ikawa nchi.

Ulinzi wa mazungumzo yale haukuwa wa kiteknolojia. Watu walikusanywa mahali pamoja, milango ikafungwa, basi. Simu za mkononi zilikuwapo, lakini mitandao ya wakati ule ilisimba sauti kati ya simu na mnara peke yake. Ikishafika mnarani, ilisafiri wazi ndani ya mitambo ya kampuni hadi upande wa pili. Aliyetaka kunong'ona na wakubwa zake Khartoum ilimbidi kwanza awaamini mafundi wengi asiowajua.

Shida hiyo Machakos iliijua kwa zaidi ya karne. Ujumbe hauendi bila mchukuzi, na mchukuzi ana macho. Leo, kwa mara ya kwanza kwa mtu wa kawaida, mchukuzi anabeba asichoweza kukisoma. Watu wengi wanaishukuru kampuni ambayo nembo yake inang'aa kwenye kioo cha simu, ilhali kazi yenyewe inafanywa na kitu kingine kabisa: mafaili madogo ya programu yanayotumiwa kwa pamoja na programu chungu nzima, yaliyoandikwa na watu ambao wangeweza kuenea ndani ya matatu moja.

Kabla ya Nairobi kuwa mji, Machakos ilikuwa boma. Jina lake linatokana na Masaku, kiongozi na mwonaji wa Wakamba aliyeishi huko. Miaka ya mwisho ya 1880 Kampuni ya Kifalme ya Uingereza ya Afrika Mashariki iliweka kituo hapo kwa sababu ya chakula: misafara ya kwenda Uganda ilihitaji pa kununulia mahindi, maharagwe na mbuzi kabla ya kuingia nyika ya Wamasai. John Ainsworth alikabidhiwa kituo mwaka 1892. Barua zake zilishuka Mombasa na nyingine kupanda kutoka huko kwa miguu ya matarishi na wapagazi, safari ya wiki kadhaa. Lakiri ya nta ndiyo iliyokuwa kinga yake. Haikumzuia mtu kusoma; ilitoboa tu siri kwamba kuna aliyesoma.

Reli ikaharibu mpangilio huo. Ilipofika Nairobi Mei 1899, ilikuwa imeipita Machakos kando, kupitia uwanda wa Kapiti na Athi, na Ainsworth akahamisha ofisi yake mwaka huohuo. Waya za simu ya maandishi zilifuata reli, na kwa waya hizo akaja mchukuzi wa aina mpya: karani. Tarishi aliweza kubeba barua asijue imeandikwa nini. Karani hakuwa na hiari hiyo, kwa kuwa kazi yake yenyewe ilikuwa kusoma kila neno, kulihesabu ili alitoze, kisha kuligonga herufi kwa herufi.

Mwaka 1938 Wakamba waliujua vizuri ubaya wa kuzungumza na serikali kupitia vyombo vya serikali. Wakoloni waliamua kwamba ng'ombe wa Machakos ni wengi kuliko malisho na kwamba ndio wanaoleta mmomonyoko wa udongo. Wakaanza kuwatwaa kwa nguvu na kuwauza kwa bei ya kutupa, na mwaka huohuo kiwanda cha nyama cha Liebig kikafunguliwa Athi River. Chama cha Ukamba Members Association kilizaliwa katika hasira hiyo, na msemaji wake mkuu alikuwa Muindi Mbingu. Barua za malalamiko ziliandikwa, nyingine kwa maofisa wa hapa na nyingine za kwenda London. Karatasi ilipokosa jibu, watu wakajibeba wenyewe. Mwisho wa Julai wanaume, wanawake na watoto kwa mamia walitembea kwa miguu hadi Nairobi, wakapiga kambi wakidai kuonana na Gavana Brooke-Popham, na wakakaa hapo kwa wiki kadhaa.

Maandamano yale husimuliwa kama kisa cha ng'ombe, nayo yalikuwa hivyo. Ila yalikuwa pia namna ya kutuma ujumbe usioweza kufunguliwa, kucheleweshwa wala kusahauliwa ndani ya faili la ofisa wa wilaya. Gavana alilazimika kwenda Machakos kufanya baraza mwezi Agosti. Mbingu akakamatwa na kuhamishiwa Lamu, lakini kabla ya mwaka kwisha serikali iliacha kuwatwaa ng'ombe kwa nguvu. Vita vya dunia vilipoingia, barua zikaanza kukaguliwa, na mwaka 1940 chama chenyewe kilipigwa marufuku pamoja na Kikuyu Central Association na chama cha Wataita.

Uhuru ulipokuja, mchukuzi wa siri hakuwa karani tena. Alikuwa mtoto wa shule.

Vijijini, familia nyingi hazikuwa na sanduku la posta. Barua ya kijana aliyeajiriwa bandarini Mombasa au kwenye karakana ya reli Nairobi ilitumwa kwa anwani ya shule ya msingi au ya kanisa, iwe Masii, Mwala au Kathiani. Mwalimu aliita majina paredini, mtoto wa jirani akapokea bahasha mbele ya shule nzima, na jioni mtaa ulikuwa umeshajua kwamba nyumba fulani imepata barua nene. Kama mwaitu, yaani mama, au susu, yaani bibi, hakujua kusoma, huyohuyo mtoto aliifungua na kuisoma kwa sauti. Alipofika mahali kijana alipoeleza kwa nini pesa za mwezi huu ni kidogo, au alipomtaja mwanamke ambaye hakuna aliyemjua nyumbani, mtoto aliamua mwenyewe: asome, aruke au atunge. Serikali yoyote ya kikoloni ingemwonea wivu mkaguzi wa aina hiyo.

Simu ya mezani haikuboresha mambo sana. Ulimpigia opereta, ukamtajia namba, akachomeka waya, na hakuna kilichomzuia kubaki akisikiliza ila adabu yake. Wenye habari ya haraka kabisa walikwenda redioni: tangazo la kifo lilisikika Ukambani kote kwa dakika moja, na hapo hakuna aliyejidanganya kwamba anasema faraghani.

Uwazi wa mitambo ulikuja kuonekana vibaya zaidi mwisho wa 2007. Matokeo ya uchaguzi wa rais yalipozua ghasia, jumbe fupi za chuki zilisambaa simu hadi simu, na serikali ikafikiria kuzima huduma yote ya SMS. Mwishowe haikuzimwa. Safaricom iliwatumia wateja wake jumbe za kuhimiza amani. Jambo moja wateja wengi hawakulitilia maanani: kila SMS, ya chuki au ya mapenzi, ilipita kwenye mitambo ya kampuni ikiwa maandishi matupu.

Miaka hiyohiyo, saiba, yaani vyumba vya kulipia intaneti, zilikuwa zimejaa. Kompyuta nane au kumi zenye Windows XP, feni moja, na mhudumu nyuma ya kaunta anayehesabu dakika, shilingi moja kila dakika. Watu walikuja kufungua barua pepe, kutafuta vyuo vya ng'ambo na kupiga soga kwenye Yahoo Messenger, ambayo wakati huo ilipeleka maneno mtandaoni bila kuyasimba. Mhudumu mwenye ujanja kidogo na programu ya bure ya kunasa data angeweza kusoma maongezi ya chumba kizima bila kuinuka kitini.

Katika saiba hizo ndipo Wakenya wengi walipokutana kwa mara ya kwanza na mafaili ya pamoja, na hawakukutana nayo kwa wema. Ulibofya programu, kikatokea kidirisha cha kijivu chenye duara jekundu na alama ya kukosea: faili fulani lenye mkia wa dll halikupatikana. Mteja alimwita mhudumu. Mhudumu alichomeka flashi kwenye kompyuta ya jirani, akalinakili faili hilohilo kutoka huko, akalibandika ndani ya folda ya mfumo, akabofya tena. Mara nyingine ilikubali. Mara nyingine faili jipya liliivuruga programu nyingine iliyokuwa ikifanya kazi vizuri tangu asubuhi, na flashi nayo ikaacha kirusi.

Maktaba ya programu, kama mafundi wanavyoiita, ni kazi iliyoandikwa mara moja ili wengine wasiiandike upya. Kufungua picha, kubana faili, kusimba ujumbe: kila programu inahitaji haya, basi huwekwa kwenye faili moja na programu nyingi hulitumia. Kwenye Windows faili hilo hubeba mkia wa dll, kwenye Linux na Android ni so. Ndiyo mashine ya posho ya soko: kila mama huja na debe lake la mahindi, lakini mashine ni moja, na chekeche yake ikitoboka unga wa soko zima utakuwa na chenga.

Kwa maongezi ya siri, mashine ya kwanza iliyosaga vizuri ilitoka Marekani mwaka 2004. Nikita Borisov, Ian Goldberg na Eric Brewer walieleza njia waliyoiita Off-the-Record, na maktaba yake ikaitwa libotr. Programu za soga kama Gaim, ambayo baadaye iliitwa Pidgin, ziliweza kuitumia kupitia kiungo cha ziada. Mawazo yake mawili yalikuwa mapya kwa watu wa kawaida. La kwanza, funguo za kusimba zilikuwa za muda na zilitupwa baada ya kutumika, hivyo hata anayeiba kompyuta yako kesho hawezi kufungua maongezi ya jana. La pili, mwenzako alikuwa na hakika kwamba ni wewe unayeongea naye, lakini hakubaki na saini ya kumwonyesha mtu wa tatu. Ulikuwa mnong'ono, si hati.

Machakos isingefaidika sana na libotr, na sababu ni za kawaida kabisa. Njia hiyo iliwataka wazungumzaji wote wawili wawe mtandaoni kwa wakati mmoja ili wabadilishane funguo. Wewe uko saibani Machakos, dada yako yuko saibani Eldoret, dakika zinahesabiwa, stima inapotea. Tena, nani angekubali mteja asakinishe maktaba zake kwenye kompyuta ya saiba?

Dawa ya tatizo hilo ilipatikana kwenye simu. Mmarekani Moxie Marlinspike alitoa programu ya TextSecure mwaka 2010, na baadaye akiwa na Trevor Perrin akaunda utaratibu ambao leo unaitwa Signal. Simu yako huacha mapema kwenye seva akiba ya funguo za umma. Anayetaka kukuandikia huchukua mmojawapo, husimba ujumbe wake na kuutuma hata kama simu yako imezima kwa sababu betri iliisha ukiwa njiani kutoka Wamunyu. Baada ya hapo kila ujumbe hupata ufunguo wake mpya, uliotokana na uliotangulia kwa hesabu inayokwenda mbele tu. Aliyepata ufunguo wa saa nne hawezi kurudi nao kuifungua saa tatu. Na kadiri wawili wanavyojibizana, siri mpya huchanganywa ndani, hivyo mwizi aliyeingia leo hufungiwa nje tena bila yeyote kumfukuza.

WhatsApp ilianza kuuingiza utaratibu huo mwishoni mwa 2014 na kukamilisha kwa watumiaji wote Aprili 2016, wakiwa zaidi ya bilioni moja. Hapakuwa na semina. Watu walifungua kundi la chama au la kamati ya mazishi wakakuta kimaandishi kidogo cha manjano, wakakipita, wakaendelea kuandika nani ametoa shilingi ngapi. Mama wa Kangundo anayeuza embe alipata kinga ambayo miaka ya 1990 serikali ya Marekani ilikuwa bado inaibana isiuzwe nje kwa uhuru, ikiiweka pamoja na silaha.

Kinga hiyo ina mipaka inayochekesha. Kampuni haiwezi kusoma maneno ya kundi, lakini mmoja kati ya wanachama 200 atapiga skrinishoti na kuituma kwa shemeji yake kabla ya chai. Kampuni pia bado inajua nani alimwandikia nani na saa ngapi. Hata hivyo, Katiba ya Kenya ya 2010 ilikuwa imeahidi katika Ibara ya 31 kwamba faragha ya mawasiliano ya mtu isiingiliwe, na kwa maoni ya mwandishi huyu, faili lile la usimbaji limeitekeleza ahadi hiyo kwa watu wengi zaidi, na kwa haraka zaidi, kuliko ofisi yoyote.

Chekeche nayo hutoboka. Aprili 2014 iligunduliwa kasoro ndani ya OpenSSL, maktaba inayolinda sehemu kubwa ya mawasiliano ya tovuti duniani. Iliitwa Heartbleed. Mtu yeyote mtandaoni aliweza kuiomba seva imrudishie hadi kilobaiti 64 za kumbukumbu yake kila mara, na ndani yake mkatoka nywila, hata funguo za siri. Kasoro ilikuwa imekaa humo miaka miwili. Simu za Android 4.1.1 zilikuwa nayo pia. Dunia ilipouliza nani anaitunza maktaba hiyo, jibu likawa kikundi kidogo, mmoja tu akiifanyia kazi muda wote, na michango ya kama dola 2,000 kwa mwaka. Harambee ya kununua basi la shule hukusanya zaidi.

Mwaka 2019 ikawa zamu ya WhatsApp yenyewe. Usimbaji ulikuwa salama, lakini sehemu ya programu inayopokea simu ilikuwa na tundu, na kidude cha ujasusi cha Pegasus kiliingizwa kwa kupiga simu ambayo mwenyewe hakuhitaji hata kuipokea. Walengwa walikuwa kama 1,400. Septemba 2023 tundu lilikuwa ndani ya libwebp, maktaba ya kufungua picha. Hiyo haihusiani na siri hata kidogo, lakini ilikuwa ndani ya Chrome na ndani ya Signal ya kompyuta vilevile, na zote zikalazimika kusasishwa kwa haraka. Mlango ulikuwa na kufuli imara. Dirisha la jikoni ndilo lililobaki wazi.

Kenya imejiongezea dirisha lake. Vijana wengi walipenda WhatsApp za kuchakachuliwa, GB na FM, kwa sababu zinaficha alama ya kusoma ujumbe na kuonyesha jumbe zilizofutwa. Agosti 2021 Kaspersky iliripoti kwamba toleo moja la FMWhatsApp lilibeba kirusi cha Triada, na lilikipata kwa njia ya maktaba ya matangazo ya biashara iliyokuwa imechomekwa ndani yake. Mtengenezaji alikuwa ameikaribisha maktaba ya mtu mwingine, na mgeni huyo akaja na mgeni wake.

Dola nazo hazikukaa kando. Novemba 2024, wakati wa mitihani ya taifa ya sekondari, KCSE, Mamlaka ya Mawasiliano iliziagiza kampuni za simu kuifunga Telegram kwa sababu ya vituo vilivyouza karatasi za mitihani. Ajabu ni kwamba maongezi ya kawaida ya Telegram hayasimbwi mwisho hadi mwisho, acha vituo vyake vya wazi. Kilichofungwa hakikuwa siri, ilikuwa barabara, na watu wakaizunguka kwa VPN.

Pale Konza, ambapo miaka ya 1910 reli ya Magadi ilichipuka kutoka reli kuu, sasa kuna mji wa teknolojia juu ya ekari 5,000 mpakani mwa Machakos, Makueni na Kajiado. Rais Mwai Kibaki aliuzindua Januari 2013, na ndani yake kipo kituo cha taifa cha kuhifadhi data. Mageti yana walinzi na seva zina vipoza hewa. Ndani ya seva hizo, kama ndani ya seva za popote duniani, kuna maktaba za pamoja zinazotunzwa na watu walio mbali sana na Konza. Machi 2024 mhandisi wa programu, Andres Freund, alishangaa kuona kuingia kwenye mashine kunachelewa kwa nusu sekunde. Alipochimba akakuta mtu aliyejiita Jia Tan ametumia miaka kadhaa kujenga uaminifu kama msaidizi wa kujitolea, kisha akapandikiza mlango wa siri ndani ya XZ, maktaba ya kubana mafaili. Uligunduliwa kabla ya kuenea kwenye mifumo inayotumika sana.

Kwa Machakos ya leo, kizuizi kilicho karibu zaidi ni umri wa simu. Maktaba mpya za usimbaji huandikwa kwa ajili ya mifumo mipya, na simu ya mtumba yenye Android ya 2013 hufika siku isiyoweza tena kuzipakia. Tarehe 1 Januari 2025 WhatsApp iliacha kufanya kazi kwenye Android 4.4. Mwenye simu hiyo hakupoteza mawasiliano: alirudi kwenye SMS, ambayo bado hupita kwenye mitambo ya kampuni ikiwa maandishi matupu, kama ilivyokuwa 2007.